Trekta la Waya na Dereva wa Udongo

Rafiki yangu Bura,

Sijui kama huko uliko barua zinasomwa. Nimekaa kwenye meza yangu ya chekechea, watoto wameshakwenda kula, na nina mambo ya Jumamosi moyoni. Nimeona bora nikuandikie wewe kuliko kumsimulia mtu mwenye mdomo. Wewe sasa umejua kunyamaza, ingawa kwa kweli ulijua tangu zamani, na hilo ndilo lililotuponza.

Nianze na ukweli. Miezi minane nimekulilia. Wiki tatu hizi za mwisho nimekukasirikia. Na katikati ya hayo yote nimekuogopa. Mimi Martina, binti wa katekista wa kule Daudi, namwogopa mtu ambaye nilitupa udongo juu ya jeneza lake kwa mkono wangu, kule kwenu Nambis, na mvua ikininyeshea. Ungekuwepo ungenicheka. Ungesema, "Mama Maneno, leo maneno yamekuishia?" Basi yameniisha.

Habari za hapa shambani. Ngano imevunwa, na upepo unabeba makapi mpaka ndani ya sufuria. Fundi mpya amepewa karakana yako na anakunja sura kila akiona ulivyofunga vitu kwa waya. Agnes mkeo bado yuko kwenye nyumba ileile, wamemwachia kwanza. Na Yohani wako anaumwa.

Nimeliandika haraka ili lipite. Homa inakuja, inaondoka siku nne, inarudi. Hospitali tumempeleka mara mbili, dawa amepewa, amemaliza, imerudi tena. Shingo imekonda mpaka kichwa kinaonekana kikubwa. Ana miaka minne, Bura, na uzito wake ni wa mtoto wa miaka miwili. Wanawake pale bombani wameanza kusema, "Kwanza baba, sasa mtoto," halafu wanainua ndoo zao. Hawamalizi. Kila mtu anajua wangemaliza vipi.

Wangemaliza na laana ya kaburi. Unaijua kuliko sisi wote, sasa nimeelewa. Ule mwaka shamba lilipoongezwa upande wa Balangdalalu, trekta zilipita juu ya kaburi la baba yake Mzee Gidamuy. Nami nilikuwa mgeni hapa, nikauliza kwa ujinga wangu, kaburi lilimwe kwani halikuwa na msalaba? Ukanieleza mwenyewe, tena kwa sauti ya chini. Kwamba wafugaji hawa mzee wao mkubwa akifa hawamwekei mawe manne wakaondoka. Wanamjengea kilima cha udongo na miti, ukoo mzima unakuja kutoka mbali, kazi inachukua miezi, na ikiisha kilima kile kinabaki kama mtu aliyekaa pale. Watu wanapita wanamsalimu. Asubuhi kilikuwepo. Jioni palikuwa uwanja.

Madereva tisa walikuwa kazini wiki ile na wote tisa walisema si mimi. Wazee wakakaa. Wakamtamkia aliyefanya, yeye na watakaotoka kwake, wasitulie mpaka aje mwenyewe mbele yao aseme. Miaka sita ikapita na hakuna aliyekwenda. Wewe mwaka uliofuata uliomba kutolewa kwenye udereva, ukaingia karakana, na kila Jumamosi ukawa mtu wa sinema, ukituonyesha filamu bwaloni. Tulidhani umechoka vumbi.

Ngoja nikumbuke kidogo siku nzuri, nitafute nguvu.

Ile siku padre aliyekuwa anarudi kwao alipokuachia sanduku la filamu za zamani. Nyingi zilikuwa zimeshikana kama magamba. Moja ilikuwa nzima, sinema bubu ya enzi za bibi zetu, kabla picha hazijapata sauti. Tuliziba madirisha ya bwalo kwa magunia ya ngano, saa nane mchana, jua kali nje na ndani giza. Watu walijaa. Wafugaji waliacha fimbo zao mlangoni. Wewe ukaniambia, filamu hii haina mdomo, mdomo wake ni wewe. Nikasimama karibu na shuka jeupe nikaanza kusema kwa Kiswahili na kwa Kimbulu yale nisiyoyajua mwisho wake.

Duka la mzee mwenye miwani. Mzee akasinzia. Kifuniko cha boksi kikainuka chenyewe. Mdoli wa kike akatoa mkono, halafu kichwa, halafu akageuka akatutazama. Askari wa mbao wakashuka kwenye mguu wa meza, mmoja baada ya mwingine. Farasi wa mbao akaanza kukokota kibiringo cha uzi. Bura, mimi nilinyamaza. Mama Maneno mzima nilinyamaza. Watoto wangu wa chekechea waliingia chini ya mabenchi, na mama mmoja alitoka nje na kiatu kimoja. Kutembea kwenyewe hakukunitisha sana, maana hata kuku aliyechinjwa hutembea. Kilichonitisha ni kwamba hakukuwa na mtu aliyewagusa. Kitu kisicho na roho kilikuwa kinafanya kazi na hakuna wa kumwuliza.

Watu walipotoka ukanivuta dirishani, ukatoa gunia moja, ukanyoosha ule utepe kwenye mwanga. Picha ndogondogo, kila moja mdoli amesogea kiasi cha punje. Ukasema, "Kati ya picha hii na hii kuna mkono, Martina. Mkono unasogeza, unatoka, ndipo picha inapigwa. Mkono upo, ila umefichwa." Ulisema kwa uso ambao nilidhani ni wa fundi anayefundisha. Leo nikiukumbuka uso ule naona kitu kingine.

Halafu mzungu mmoja, fundi wa mashine za shamba, akamaliza mkataba, akakuachia kamera yake ndogo na projekta yake ndogo, na filamu tatu mpya za vikasha. Ukaniambia tutengeneze yetu. Nilikuambia una wazimu. Kesho yake nikaleta udongo wa kisimani.

Ile ilikuwa furaha yetu, sikatai. Watoto wa huku hata kabla hawajasema vizuri wanajua kufinyanga ng'ombe, kwa hiyo tulikuwa na mafundi thelathini. Nundu, pembe, mkia umelazwa mgongoni. Nilisema tuwafinyange ng'ombe wa mtu kweli, si ng'ombe wa bure, na wewe ukasema wa Mzee Gidamuy. Hukufikiri hata dakika moja. Ulikuwa unakwenda kwake karibu kila Jumapili, unakunywa maziwa yake, unamtengenezea redio. Tulikuwa tunasema Bura amepata baba wa pili. Mzee akaja karakana na lubega lake jeusi, akachuchumaa mbele ya kundi la udongo akaanza kutusahihisha. Huyu pembe yake inatazama chini. Huyu ana baka la majivu, si la chokaa. Huyu mmemnyima kovu. Alipomaliza alicheka mpaka akajifuta macho, na tangu siku hiyo kila akinikuta ananiuliza, "Mwalimu, ng'ombe zangu zimerudi kutoka Ulaya?" Maana filamu ilibidi itumwe kwa posta hadi kwao yule mzungu ikaoshwe.

Tulisogeza, tukatoa mkono, tukapiga. Jioni nzima kwa ng'ombe kutoka zizini hadi kwenye kisahani cha maji. Kidole kikikuuma unaning'ata kwa maneno, nami nakurudishia. Vikasha viwili tulimaliza pamoja.

Kisha nikakuta lile trekta. Ulilitengeneza kwa waya wa uzio, magurudumu umekata kwenye malapa, plau ya bati nyuma. Zuri. Lakini kiti kilikuwa kitupu. Nikakuuliza nani anaendesha. Ukasema, "Linajiendesha, kama wale midoli." Nilingoja ucheke, hukucheka. Kikasha cha tatu ukasema utamalizia mwenyewe Jumapili, sisi tukiwa misani. Nikakutania kwamba unaiba muda wa Mungu.

Ukampa mtu vikasha vitatu avipeleke posta ya Arusha. Halafu kifua kikakushika. Siku tatu tu, Bura. Siku ya pili nilikuja na uji, ukanishika kifundo cha mkono kwa nguvu ambayo mgonjwa hana, ukasema, "Zikirudi, uangalie peke yako kwanza." Nikadhani unaweweseka. Nikakwambia nyamaza unywe. Hayo ndiyo maneno yangu ya mwisho kwako, nyamaza unywe, na sitajisamehe.

Zimerudi wiki tatu zilizopita. Bahasha ngumu, stempu nyingi. Nikajifungia stoo ya chekechea mchana, nikaweka projekta yako juu ya pipa la unga, nikawasha kwenye ukuta.

Ng'ombe walitoka zizini. Walitembea, Bura. Walitembea wakitikisa nundu, yule wa pembe ya chini akiwa mbele, na nililia huku nacheka. Halafu mahali fulani, kwa muda wa kupepesa jicho, vidole vyako vikapita. Ulichelewa kutoa mkono. Vidole vyako vyenye oili kwenye kucha, vikubwa kuliko ng'ombe, vilitokea ukutani vikapotea. Nilipiga kelele. Niliegemea magunia. Mtu aliyezikwa Nambis alikuwa amenigusia ng'ombe.

Ningeizima hapo. Lakini kikasha cha tatu kilikuwa kinaningoja, na ulishasema niangalie.

Kilima. Ulikijenga vizuri, na vijiti vyake, na majani juu. Ng'ombe wanakuja, wanakizunguka, wanalala. Kisha trekta la waya linaingia kutoka kushoto. Na kiti si kitupu. Kuna mtu wa udongo amekaa, mdogo kama kidole gumba, na kichwani ana kofia ya kitambaa cha bluu. Ng'ombe wanaamka wanaondoka. Trekta linafika kwenye kilima, halisiti, linapita. Linarudi, linapita tena. Kilima kinapungua kila picha mpaka pamekuwa uwanja. Linasimama. Yule mtu anashuka. Anatembea mpaka katikati ya pale palipokuwa na kilima. Anavua kofia. Anainamisha kichwa, na anakaa hivyo, hafanyi kitu, kwa muda mrefu kuliko picha yoyote tuliyowahi kupiga. Halafu ukuta ukawa mweupe.

Kitambaa nilikijua. Agnes aligomba mwezi mzima kwamba kuna panya amekata mfuko wa ovaroli yako, na mimi nikamwambia panya gani anakata mraba.

Wewe. Katika tisa, wewe. Na Jumapili unakwenda kwa mzee unakunywa maziwa yake na ulimi umeukalia. Nilikutukana pale stoo, samahani, nilikutukana kwa lugha ambayo baba yangu hajui kama naijua. Kisha nikaziviringisha filamu kwenye kanga nikazizika ndani ya unga wa uji, na nikaanza kuogopa kweli.

Nifanye nini? Nikiionyesha, wafugaji watajua, na Agnes anaishi katikati yao, anateka maji njia moja na wake zao. Nisipoionyesha, laana ile iko palepale, na inasema mpaka aje mwenyewe. Utakuja vipi wewe? Na Yohani anaungua. Baba yangu amenifundisha kwamba aliyebatizwa hashikwi na laana, na nasali hivyo, asubuhi na jioni nasali hivyo. Lakini nikimshika yule mtoto paji la uso, sala inaniponyoka. Nilikwenda mpaka mlango wa kanisa nikamwambie padre, nikasikia wanafanya mazoezi ya kwaya, nikarudi. Agnes sikumwambia. Nilikuwa nikimwona najifanya nina haraka. Wiki mbili nimeishi kama mwizi.

Mzee ndiye aliyeniumbua. Alisikia kutoka kwa mtu wa ofisi kwamba bahasha imefika. Jumamosi akaja na mkewe na kaka yake mkubwa, yule asiyeona jicho moja, wakakaa nje ya chekechea, wametembea tangu alfajiri, na mama amebeba kibuyu cha maziwa. Nikasema shikamoo zangu tatu. Mzee akaniambia kwa ule upole wake, "Mwalimu, nimesikia ng'ombe zangu zimerudi. Bura hayupo, lakini wewe upo." Ningemwambia nini? Kwamba zimeungua? Ulimi ulikuwa tayari kabisa kusema zimeungua. Nikaona Agnes anapita mbali na Yohani mgongoni, anampeleka tena kwa daktari, miguu ya mtoto inaning'inia. Nikaenda kuchukua misumari na magunia ya kuzibia madirisha.

Kwa hiyo mchana huohuo, bwaloni, wao watatu na mimi. Nikawaonyesha vikasha viwili vya kwanza. Lo, ungemwona. Alimtaja kila ng'ombe kwa jina lake. Mkewe alifunika mdomo kwa kiganja. Hata kaka mtu, ambaye tangu afike hajaniitikia zaidi ya neno moja, alisogeza benchi mbele. Nilipofunga cha tatu utepe uliniponyoka mara mbili.

Kilima kikatokea. Trekta lilipoingia sikutazama shuka, nilimtazama mzee. Hakusogea. Mwanga wa picha ulikuwa unamcheza usoni na macho hayapepesi. Mama alitoa sauti ndogo, kama mtu aliyekanyaga mwiba. Yule mtu wa udongo akashuka, akavua kofia, akainama. Picha ikaisha. Mashine ikabaki inapiga tak tak tak na utepe mtupu.

Mzee akauliza, "Mwalimu, huyu nani?"

Kila ulipoirudia ile sinema bubu nimewasemea midoli, Bura. Nimewatungia majina, ugomvi, ndoa. Nikasema, "Ni mdoli tu, mzee wangu. Hana jina."

Nilisema hivyo. Nilikukana mchana kweupe, na mtoto wako yuko kwa daktari.

Mzee akafikiri. Akasema, "Mdoli hana kosa. Kofia anavua mtu." Wala hakukasirika. Akaweka mikono juu ya magoti akaningoja, na kaka yake naye akanigeuzia lile jicho lake moja. Nilihisi mkojo unanitoka, nakwambia bila aibu. Ndipo nikaelewa kwamba filamu yako, pamoja na uhodari wako wote, haikuwa imesema kitu. Ilikuwa bubu. Uliniachia mimi sehemu ya mwisho, mwoga mkubwa wewe, na mimi mwoga mwenzako.

Nikasema, "Ni Bura. Bura ndiye aliyelima. Alitaka kuja kukuambia, akafa. Mwanawe anaumwa. Nakuomba."

Nilitaka kuzima mashine ili nikimbie, sijui nilitaka kukimbilia wapi. Badala ya kuzima nikageuza kile kitufe upande mwingine, na filamu ikaanza kurudi nyuma taa ikiwa inawaka. Sikuwa nimewahi kuiona hivyo. Yule mtu akainua kichwa. Akavaa kofia. Akarudi kinyumenyume mpaka kwenye trekta, akapanda. Trekta likarudi, na pale lilipopita, udongo ukaanza kuinuka. Ukainuka, ukajikusanya, vijiti vikasimama, majani yakapanda juu. Kilima kizima kikarudi. Ng'ombe wakaja wakalala kukizunguka.

Mama akalia. Alilia kwa lugha yake, akanyoosha mikono. Mzee alikuwa amesimama bila mimi kuona, amekwenda mpaka kwenye shuka, kivuli chake kimekata nusu ya picha, na kiganja amekiweka pale juu ya kaburi la baba yake. Kaka mtu akaniambia kwa Kiswahili, kumbe anakijua, "Iache hapo. Isimame hapo."

Nikamwambia haisimami. Ikisimama taa inaichoma. Ni lazima iende, au niizime. Hata hivyo niliishikilia kidogo, nikasikia harufu kabisa ya kitu kinachopata moto.

Mzee hakugeuka, aliongea akiwa amelitazama shuka.

"Peleka mbele," akasema.

Kaka yake akamkatalia kwa lugha yao, kwa ukali. Mzee akarudia kwa Kiswahili, nadhani ili mimi nisikie. "Kaburi likirudi, mtu anapanda trekta anakwenda zake. Nimeona. Peleka mbele. Acha alime. Nataka nimwone akivua kofia."

Nikageuza kitufe. Trekta likaja. Mzee alisimama palepale, hakuondoa kiganja, na lile trekta la waya lilipita juu ya vidole vyake mara mbili mpaka pakawa uwanja. Ukashuka. Ukavua. Ukainama mbele yake, sawa kabisa na kifua chake, maana alikuwa amesimama karibu. Akakutazama mpaka shuka likawa jeupe. Halafu akasema maneno mawili matatu kwa lugha yake, ambayo sikuyauliza, na akaniambia, "Mlete mtoto."

Nilikimbia bila viatu mpaka kwa daktari. Agnes nilimweleza njiani, yote, huku nahema, na alinipiga kofi kabla hatujafika mlangoni. Nilistahili. Wewe ulistahili zaidi. Mzee akapokea kibuyu kwa mkewe, akajaza maziwa mdomoni, akamtemea Yohani kichwani na kifuani kama wanavyobariki wao, mara nne. Kaka yake alikaa benchi hakunyanyuka. Mzee akamsubiri. Tukasubiri sote, mtoto analowa maziwa anatetemeka. Mwishowe kaka mtu akasimama taratibu, akachukua kibuyu, naye akatema. Mara moja tu. Akatoka nje bila kuaga.

Leo ni siku ya tatu. Homa imeshuka. Jana alikula ugali na maziwa, akanitukana nilipomfuta pua. Daktari naye alikuwa amembadilishia dawa Jumamosi ileile, kwa hiyo sijui nimshukuru nani, nawashukuru wote. Lakini siku nne za nafuu tumeshaziona kabla, Bura. Kesho ndiyo ya nne. Naamka kitandani natembea mpaka kwa Agnes kumgusa mtoto, na Agnes, ambaye hajazungumza nami bado, ananifungulia mlango kabla sijabisha. Na ile mara moja ya kaka mtu inanisumbua. Mara moja inatosha? Hakuna wa kumwuliza.

Sasa nakuaga. Sitakuandikia tena, maana nataka ukae mbali. Nakupenda, na ukae mbali. Ulikuwa unampenda Yohani kupita kiasi, ulikuwa humwachi hata akilala, na hilo ndilo ninaloliogopa kuliko laana. Usimwite. Ukimwona anaweweseka usimnyooshee mkono. Mwache akue huku kwenye vumbi na sisi.

Na mimi nakuahidi hivi. Akifikisha umri wa kuuliza, sitamwambia baba yake alikuwa mtu wa sinema peke yake. Nitamchukua mpaka kwa Mzee Gidamuy, nitamsimamisha mbele yake, na nitamwambia kwa mdomo wangu hivi: baba yako alilima kaburi la watu hawa, akaogopa miaka sita, na watu hawa wakakuacha uishi.

Martina